Upepo Hauna Wakili

Kuna maneno ambayo yakirudiwa mara nyingi mno huanza kuonekana kama hekima. Mojawapo ni haya: "Wenzetu wana fedha za kuchezea. Wanapima upepo wa Mirihi, na sisi hatuna madawati." Nimeyasikia Kasulu mjini kwenye vibaraza vya maduka. Nimeyasikia Kibondo kwenye arusi na kwenye matanga. La kusikitisha zaidi, nimeyasikia vinywani mwa walimu, tena walimu wa sayansi. Kila yanaposemwa watu hucheka, na kicheko hicho hufunga mjadala.

Sura hii nimeiandika ili kuufungua mjadala huo. Nadai kwamba maneno hayo si hekima hata kidogo, bali ni kichaka cha kujifichia. Nadai pia kwamba hasara yake haiwafikii Wamarekani wala Wafaransa, bali inatufikia sisi wa nyanda za juu za Kigoma, katika madarasa ya watoto wetu. Ndugu msomaji, naomba unifuate polepole, maana nitakwenda Mirihi kwanza, kisha nitarudi Kasulu.

Tuanze na jambo lenyewe, kwa kuwa anayelicheka aghalabu halijui. Tarehe 26 Novemba, 2018, chombo cha Wamarekani kiitwacho InSight kilitua katika uwanda wa Elysium, karibu na ikweta ya sayari ya Mirihi. Hakikupelekwa kupima upepo. Kilipelekwa kusikiliza matetemeko, ili kutokana na jinsi mitetemo inavyopita ndani ya sayari wataalamu wajue undani wake una tabaka gani, kama vile mama anavyoligonga tikiti sokoni kabla ya kulinunua. Kifaa kikuu kilikuwa kipima-mitetemo kilichoandaliwa chini ya uongozi wa Wafaransa. Ni kifaa chepesi wa kuhisi kiasi kwamba huhisi msogeo mdogo kuliko upana wa atomi moja.

Kifaa cha namna hiyo huhisi kila kitu, na hapo ndipo penye kisa. Tarehe 1 Desemba, 2018, siku tano tu baada ya kutua, kifaa kilikuwa bado juu ya mgongo wa chombo, hakijashushwa ardhini. Upepo ulipita juu ya paneli za jua, paneli zikatikisika, mtikisiko ukaingia katika mwili wa chombo, na kipima-mitetemo kikauandika. Kipimo cha kanieneo ya hewa nacho kikauandika upepo ule ule kwa njia yake. Wataalamu wakakadiria kwamba ulikuwa ukienda kwa kasi ya meta 5 hadi 7 kwa sekunde, kutoka kaskazini-magharibi kuelekea kusini-mashariki. Walipotazama picha zilizopigwa kutoka angani wakaona michirizi iliyoachwa na visulisuli kwenye vumbi la uwanda ule, nayo imelala upande huo huo. Hivyo mashahidi watatu wasiofanana walitoa ushahidi mmoja.

Tarehe 19 Desemba mkono wa chombo ukakishusha kifaa ardhini, na tarehe 2 Februari, 2019, ukakifunika kwa kifuniko mfano wa kawa, lile la kufunikia chakula, ili upepo na mabadiliko ya joto visikisumbue. Hata chini ya kawa, upepo uliendelea kusikika. Ulikuwa ukikitikisa chombo kilichosimama jirani, na ukiikandamiza ardhi na kuiachia. Kisulisuli kilipopita, kwa kuwa katikati yake kanieneo ya hewa huwa ndogo kuliko pembeni, ardhi iliinuka kidogo upande ule na kuinama, kiasi ambacho hakuna jicho lingeweza kukiona. Kifaa kilikiona.

Wataalamu wa mitetemo huita mambo kama haya kelele, yaani kile usichokitafuta kinachokuziba masikio usisikie unachokitafuta. Wangeweza kuitupa kelele hiyo. Badala yake waliiweka katika kumbukumbu, kila sekunde na kila siku. Chombo kilikuwa na vipima-upepo pia, vilivyotengenezwa Hispania, lakini vilikuwa na udhaifu wao, na baadaye umeme ulipopungua kwa sababu ya vumbi lililotanda juu ya paneli, haikuwezekana kuviwasha wakati wote. Hapo kelele ikawa mali. Wataalamu walichukua vipindi ambavyo vifaa vyote viwili vilikuwa vikifanya kazi, wakajifunza upepo wa kasi fulani hutikisa kiasi gani, kisha wakatumia mtikisiko peke yake kukadiria upepo wa vipindi ambavyo kipima-upepo kilikuwa kimezimwa. Kwa njia hiyo wakapata habari za upepo wa takriban miaka miwili ya Mirihi, ambayo ni karibu miaka minne ya kwetu.

Faida nyingine ni hii. Walipoujua upepo, waliyajua matetemeko. Waliona kwamba mchana, jua linapoichemsha ardhi, upepo huvuma na kelele huwa kubwa, lakini baada ya jua kutua huja saa za utulivu mkubwa. Ndizo saa ambazo matetemeko mengi madogo yalisikika. Hadi chombo kilipotangazwa kwamba kimenyamaza, tarehe 21 Desemba, 2022, kilikuwa kimesikia matetemeko zaidi ya 1,300, na lililo kubwa kuliko yote, la tarehe 4 Mei, 2022, lilikadiriwa kuwa la ukubwa wa 4.7.

Sasa nitoe habari ya zamani zaidi, maana ndani yake ndimo mwenye fundisho langu. Mwaka 1976, nilipokuwa mwalimu kijana, Wamarekani walitua Mirihi kwa vyombo viwili, Viking 1 na Viking 2. Kila kimoja kilibeba kipima-mitetemo. Cha kwanza kilikataa kufunguka, kikawa mzigo mtupu. Cha pili kilifanya kazi, lakini kilikuwa kimefungwa juu ya mgongo wa chombo, chombo kimesimama kwa miguu yake, na upepo unakitikisa mchana kutwa. Kwa hiyo sehemu kubwa ya kilichoandikwa ilikuwa upepo. Siku ya 80 tangu kutua, ukaja mtikisiko mmoja uliofanana sana na tetemeko. Wataalamu wakaufurahia. Wakafungua kumbukumbu za upepo ili wahakikishe. Kwa wakati ule hasa, kumbukumbu ya upepo haikuwapo!

Ndugu msomaji, hebu litafakari hilo. Kifaa kilikuwapo, mtikisiko ulikuwapo, na wataalamu walikuwapo. Kilichokosekana ni mstari mmoja katika daftari unaosema wakati huo upepo ulikuwa kiasi gani. Kwa kukosa mstari huo, hakuna aliyeweza kusimama na kusema kwa uhakika, "Hili ni tetemeko," wala kusema, "Huu ulikuwa upepo." Iliwabidi kungoja zaidi ya miaka 40, hadi mwaka 2019, ndipo InSight isikie mtikisiko ambao wataalamu waliutambua kuwa tetemeko la Mirihi. Walikuwa wamejifunza: safari hii walipeleka kipima-mitetemo pamoja na kipima-upepo, kipima-kanieneo na kipima-joto, ili kila anayetuhumiwa aweze kuhojiwa.

Nimetumia neno "kutuhumiwa" kwa makusudi, kwa sababu sasa tunarudi nyumbani.

Kila mwaka, mvua za kwanza zinapokaribia, kuanzia Septemba na Oktoba, wilayani Kasulu na Kibondo husikika habari ile ile. Upepo umeezua paa. Wakati mwingine ni paa la nyumba ya mtu, wakati mwingine la zahanati, na mara nyingi mno ni la darasa. Watoto huhamishiwa chini ya mwembe, au darasa la tatu na la nne hubanwa katika chumba kimoja, mikondo miwili ikiimba majibu mawili tofauti. Kamati huundwa, taarifa huandikwa. Katika taarifa hiyo pana mahali pa kujaza chanzo, na hapo huandikwa maneno mawili tu: upepo mkali.

Mimi nimewahi kuitwa katika kamati ya namna hiyo, nikiwa mzee mstaafu ambaye wanadhani ana muda wa kupoteza. Shule siitaji, na aliyejenga simtaji. Madarasa mawili mapya yalikuwa yamebaki kuta. Mabati yalikuwa yamelala kwenye shamba la mihogo, mengine yamekunjwa kama karatasi. Hatua chache kutoka pale lilisimama darasa la zamani, lililojengwa na wazazi kwa msaragambo, matofali yao ya kuchoma yameliwa na mvua chini, lakini paa lake lipo kichwani. Nyuma ya madarasa yale palikuwa na migomba ya mwalimu mmoja. Migomba ile ilikuwa imesimama.

Nikauliza, upepo ulitoka upande gani? Mjumbe mmoja akasema, "Mwalimu, ulikuwa upepo mkali tu." Nikauliza tena, mkali kiasi gani? Akanitazama kwa heshima, kama mtu anavyomtazama babu yake aliyeanza kusahau, akasema, "Mkali sana, Mwalimu." Nikaokota kipande cha mbao ya kenchi. Mahali ilipokutana na ukuta palikuwa na misumari miwili, wala sikuona alama ya ukanda wa chuma wa kuifunga. Nikaonyesha. Wakatikisa vichwa. Taarifa ikaandikwa: chanzo, upepo mkali.

Sisemi kwamba aliyejenga ana hatia. Nikisema hivyo nitakuwa nimefanya kosa lile lile ninalolilaumu. Labda upepo ule ulikuwa wa ajabu. Labda ulipita kwa msukumo mwembamba uliolipata darasa na kuikosa migomba, kwani visulisuli na pepo za mvua huweza kufanya hivyo. Labda milango iliachwa wazi, upepo ukaingia ndani na kulisukuma paa kutoka chini, huku ule unaopita juu ukilivuta. Ninachosema ni kwamba hatujui, na kwamba hatujui kwa sababu tumekataa kujua. Sisi tuko pale pale walipokuwa wenye Viking mwaka 1976: kitu kimetikisika, na daftari la upepo halipo. Tofauti ni kwamba wao waliona aibu wakatafuta njia ya kulijaza, nasi tumeona nafuu tukaliacha tupu.

Kwa nini nasema nafuu? Kwa sababu upepo hauna wakili. Ukishitakiwa haukanushi. Haukati rufaa, wala hauombi kuonyeshwa mkataba. Fundi aliyepunguza misumari anaweza kuutwika mzigo wake. Mkandarasi aliyeleta mbao mbichi anaweza kuutwika wake. Aliyesaini kwamba kazi imekaguliwa, na hakufika, anaweza kuutwika wake. Kisha wote hurudi nyumbani wakiwa watu safi, na fedha za kuezeka upya hutafutwa kwa wazazi wale wale. Mahali ambapo upepo haupimwi, kila uzembe una mahali pa kulala.

Na si paa peke yake. Mkoa wetu umelala kando ya Bonde la Ufa. Tarehe 5 Desemba, 2005, tetemeko la ukubwa wa 6.8 lilitokea chini ya Ziwa Tanganyika na kuzitikisa nchi zinazolizunguka. Tarehe 10 Septemba, 2016, Bukoba ilipigwa na tetemeko lililoua watu na kubomoa nyumba nyingi, na shule kubwa zikafungwa. Baada ya matetemeko huja maswali kama yale ya paa. Ufa huu ni wa leo au ni wa mwaka jana? Ukuta huu umepasuliwa na ardhi, au ulipasuka siku nyingi kwa msingi mbovu? Asiyeandika hali ya ukuta wake kabla ya tetemeko hawezi kujibu baada yake.

Najua wapinzani wangu wana hoja, na si haki kuzipuuza. Nitazijibu moja baada ya nyingine.

Hoja ya kwanza ni ya fedha. Ni kweli, kazi ya InSight iliwagharimu Wamarekani peke yao zaidi ya dola milioni 800. Ni fedha nyingi, wala siwezi kuziwazia. Lakini fedha hizo hazikutolewa katika mfuko wa shule za Kibondo, na kama zisingetumika Mirihi zisingekuja Kibondo. Anayedhani kwamba jirani asipokula nyama watoto wake ndio watashiba, huyo hajui hesabu. Isitoshe, ninachokisema mimi hakihitaji dola hata moja, kama nitakavyoonyesha.

Hoja ya pili ni kwamba Mirihi haituhusu. Hewa ya kule ni nyembamba, kanieneo yake haifiki hata sehemu moja ya mia ya hewa yetu, na upepo ambao hapa ungeng'oa mti kule ungekugusa kama pumzi. Watauliza, tujifunze nini kwa upepo kama huo? Jibu langu ni kwamba hatujifunzi upepo wao, tunajifunza tabia yao. Upepo dhaifu kiasi hicho, usioweza kumwamsha mtoto, wameuandikia daftari la miaka minne. Upepo unaoezua madarasa yetu hatujauandikia hata ukurasa mmoja. Tena tazama uaminifu wao. Chombo kile kile kilibeba msumari wa Wajerumani uliokusudiwa kujichimbia hadi meta 5 ili kupima joto la ndani. Haukuweza. Udongo wa pale haukuushika, na Januari 2021 wakaacha kujaribu. Je, waliandika "udongo mbaya" wakaondoka? La hasha. Waliandika umechimba kiasi gani, ulikwama vipi, walijaribu nini na nini, na kwa nini vyote vilishindikana, na ulimwengu mzima ukasoma. Mwenye kumbukumbu haogopi kushindwa.

Hoja ya tatu ndiyo inayoniuma, kwa kuwa hutolewa na walimu: kwamba hatuna vifaa. Hii ni hoja ya kweli kuhusu darubini, na kuhusu kemikali za maabara. Kuhusu upepo si ya kweli.

Upepo hauonekani. Kila anayeupima, awe baharia, mkulima au mtaalamu wa Mirihi, huupima kwa kile unachokitikisa. Mabaharia wa pwani yetu waliijua kaskazi na kusi kabla hakujawa na chombo chochote cha kioo. Kwa ujuzi huo majahazi yalikwenda Arabuni na Bara Hindi na kurudi kwa msimu wake, na aliyekosea tarehe alikaa ugenini miezi. Mwaka 1805, ofisa wa jeshi la majini la Uingereza, Francis Beaufort, alipanga upepo katika namba kuanzia 0 hadi 12 kwa kutazama unavyozifanya tanga za meli. Baadaye namba hizo zikafanyiwa maelezo ya nchi kavu, ambayo mtoto wa darasa la tano anaweza kuyashika kwa siku moja. Moshi ukipanda wima, ni 0. Majani yakichakarisha na uso ukihisi upepo, ni 2. Vumbi na karatasi vikiinuka na vitawi vikicheza, ni 4, yaani karibu kilometa 20 hadi 28 kwa saa. Matawi makubwa yakiyumba, ni 6. Vitawi vikikatika mitini, ni 8. Ufikapo 9, kilometa 75 na zaidi kwa saa, ndipo vigae huanza kung'oka. Ufikapo 10, miti hung'olewa.

Sasa mfikirie mjumbe yule wa kamati angekuwa na namba hizo. Asingeweza kusema "mkali sana". Ingemlazimu kuchagua. Angesema 9, tungemwuliza mbona migomba imesimama. Angesema 6, tungemwuliza mbona paa la serikali limeshindwa na upepo wa kuyumbisha matawi. Naye mwalimu wa fizikia angetukumbusha kwamba nguvu ya upepo haiendi sambamba na kasi yake: kasi ikiongezeka mara mbili, msukumo huongezeka mara nne. Kati ya 6 na 9 pana tofauti ya bilauri na ndoo. Maneno "upepo mkali" huvimeza vyote viwili.

Na kifaa? Ndugu walimu wenzangu, kila shule ya Tanzania ina mlingoti, na kila asubuhi bendera hupandishwa juu yake. Watoto husimama wima, huimba Wimbo wa Taifa, na bendera ile ile wanayoiheshimu huwa inawaonyesha upande upepo unakotoka na nguvu zake. Paneli za InSight zilifanya kazi hiyo kwa bahati tu: zilitikisika, na mtu akaandika. Bendera zetu zimetikisika tangu mwaka 1961, na hakuna aliyeandika. Kifaa tunacho. Tulichokosa ni peni.

Nimefundisha watoto, nimekuwa mkuu wa shule, na nimefundisha wanachuo wa ualimu. Najua tunavyofundisha upepo. Mwalimu huandika ubaoni: "Upepo ni hewa inayotembea." Watoto hukariri. Mtihani huuliza, nini maana ya upepo? Watoto hujibu, alama hutolewa. Wakati huo huo nje ya dirisha kisulisuli kinapita uwanjani, kinabeba vumbi na mifuko ya plastiki, watoto wanageuza shingo kukitazama, na mwalimu anagonga meza: "Tazameni ubaoni! Acheni kelele!" Huyo mwalimu amewafukuza watoto kutoka katika somo na kuwarudisha katika maneno ya somo. Katika mabwalo ya vyuo nimewaambia wanachuo, na hapa nalirudia, kwamba swali la mtoto aliyegeuka dirishani ni sawa na ule mtikisiko ambao kifaa hakikutumwa kuutafuta. Unaweza kuuita kelele ukautupa. Unaweza pia kuuandika ukaona unasema nini.

Zamani kidogo shule nyingi zilikuwa na kituo kidogo cha hali ya hewa: sanduku jeupe la mbao lenye vipimajoto, kipimamvua, na kielekezi cha upepo juu ya nguzo. Wanafunzi wa zamu walisoma na kuandika kila siku. Katika shule kadhaa nilizopita, sanduku liligeuka kiota cha kuku, na kipimamvua kikawa cha kuchotea maji. Hakuna aliyeiba kituo hicho. Kilikufa kwa sababu hakuna aliyeuliza namba zake. Mamlaka ya Hali ya Hewa inayo vituo yake na inafanya kazi ya kusifiwa, lakini nchi yetu ni ya milima na mabonde, na kituo kilicho mbali hakiwezi kutoa ushahidi wa upepo uliopita jana katika kijiji kilicho nyuma ya kilima.

Kwa hiyo naweka matakwa yangu matatu, na nayaweka wazi ili atakayeyakataa ajulikane kwa hoja zake.

Kwanza, kila shule ya msingi na ya sekondari katika wilaya zetu iwe na daftari la upepo. Safu zake ziwe nne tu: tarehe, saa, upande, namba. Liandikwe mara mbili kwa siku na wanafunzi wa zamu, asubuhi bendera ipandishwapo na jioni ishushwapo, na kila wakati upepo unapovuka namba 6. Gharama yake ni daftari moja kwa mwaka.

Pili, mkuu wa shule ahifadhi daftari hilo pamoja na kitabu cha kumbukumbu za shule, wala lisichomwe wala lisifungiwe maandazi. Daftari la mwaka mmoja ni zoezi la watoto. Madaftari ya miaka kumi ni elimu ambayo hata mhandisi wa wilaya atakuja kuiomba. Karibu na Ziwa Turkana, kaskazini mwa Kenya, kuna mashine 365 za umeme wa upepo zenye uwezo wa megawati 310. Hakuna aliyekopesha fedha za mradi ule kwa kuambiwa kwamba kule kuna upepo mkali. Waliomba namba, na namba zilikuwapo.

Tatu, mwanachuo wa ualimu asihitimu bila kuwa ameandika daftari la namna hiyo kwa muhula mzima kwa mkono wake mwenyewe. Mwalimu ambaye hajawahi kupima kitu chochote kila siku kwa miezi mitatu hajui sayansi, hata kama amefaulu mitihani yake yote. Anajua habari za sayansi tu.

Wapo watakaosema haya ni mambo madogo kwa nchi yenye matatizo makubwa. Nawajibu kwamba darasa lisilo na paa si jambo dogo kwa mtoto aliyemo. Mtoto huyo ana haki ya kuelezwa nani au nini kilimwondolea paa lake: upepo, mbao, msumari au mtu. Hawezi kuelezwa na watu waliokubaliana kutojua.

Hadi madaftari hayo yatakapokuwapo, naomba jambo moja la mwisho kwa wenyeviti wote wa kamati za shule, madiwani na wakaguzi. Maneno "upepo mkali" yasikubaliwe tena katika taarifa yoyote ya jengo la umma lililoanguka. Anayeyaandika arudishiwe karatasi yake, aulizwe upande na namba, na akishindwa aandike kwa mkono wake: chanzo hakijulikani, kwa kuwa hatukuandika. Hapo angalau taarifa itakuwa ya kweli, na watu wakianza kuona aibu ya kuisaini, daftari litapatikana lenyewe.